Desemba Niliyojua Mwisho Wake

Faaborg, 30 Novemba

Daftari hili nimepewa na Mama kwa sharti moja: yote yanayoniwasha ulimi niyamwage humu, yasije yakanitoka shuleni. Haya. Kesho saa moja na nusu jioni kipindi cha Desemba kinaanza kwenye runinga. Ni sehemu ishirini na nne, moja kila siku mpaka mkesha wa Krismasi, na Denmark nzima itakaa kwenye makochi na bakuli za biskuti kunitazama nikimtafuta mwizi.

Mimi ni Vigga Damgaard, miaka kumi na moja, binti wa fundi bomba. Ndani ya kipindi ni Tilde, mjukuu wa mpiga kengele. Mtu ameiba ulimi wa kengele ya mji, ile nondo nzito inayogonga ndani, na usipopatikana kabla ya tarehe 24, Krismasi itaingia mjini kimyakimya. Tulirekodi Kopenhagen tangu Januari mpaka Machi. Mwizi ninamjua. Hapa simwandiki, kwa sababu kaka yangu Magnus ana miaka kumi na minne na hana haya hata chembe.

Nilitia saini karatasi kwamba sitasema. Mama naye akatia. Mwaka juzi mtoto wa kipindi kingine alimwambia binamu yake mwisho, binamu akautupa mtandaoni, na kufikia tarehe kumi nchi nzima ikawa imenuna. Ndiyo maana Asger, mwongozaji wetu, alinichagua mimi kati ya watoto mia tatu. Nilidhani ni kwa sababu ninaigiza vizuri. Akaniambia, "Wapo wanaoigiza kukuzidi, Vigga. Lakini wewe ni mtoto unayeweza kunyamaza." Januari anaanza mfululizo mpya, na amesema nafasi ni yangu nisipoharibu.

1 Desemba

Mvua. Tuliwasha mshumaa wa Desemba, ule wenye namba za siku mpaka ishirini na nne, tukauacha uungue mpaka moja. Kipindi kikaanza. Uso wangu ulipotokea tu, mkubwa kuliko dirisha, nilikimbilia chooni. Siwezi kujitazama. Masikio yangu yamekaa vibaya na kila mtu anaona.

"Tilde, toka humo!" Magnus akapiga kelele. "Watakwambia umeiba choo!"

Mama alilia kidogo na kujisifu kwa simu kwa shangazi watatu. Baba alisema, "Nzuri," akaenda kuosha vyombo. Huo ndio urefu wa hotuba za Baba tangu nilipoanza kazi hii. Nadhani kwake runinga ni kitu cha watu wenye nafasi.

2 Desemba

Mvua. Walioniuliza mwizi: kumi na mmoja.

3 Desemba

Mvua. Mwalimu Lone amenibakiza darasani. "Niambie mimi tu. Sisi walimu tuna kiapo cha siri." Nilimuuliza Mama. Hakuna kiapo kama hicho.

5 Desemba

Mama ni muuguzi kwenye makao ya wazee. Akiwa na zamu ya jioni mimi hula huko. Leo ulikuwa uji wa mchele, wenye mdalasini na siagi inayoyeyuka katikati, basi sikulalamika.

Wazee wanafuatilia kipindi kuliko watoto. Mzee Kaj, aliyekuwa tarishi wa posta miaka arobaini na bado anajua habari za kila nyumba, ametundika ubao sebuleni wenye majina ya washukiwa wote: fundi saa, mchungaji, mwenye duka la nyuzi, na wengine. Wanacheza kamari kwa nguruwe wadogo wa marzipani, ile peremende ya lozi. Amenikonyeza. "Binti, sikuulizi kitu. Nitataja majina polepole, wewe kohoa tu." Nilibana pumzi mpaka akamaliza orodha.

Kisha nikamkuta Bi Ravn. Humo ndani kila mtu huitwa kwa jina lake la kwanza, hata daktari, lakini yeye amekataa. "Bodil ni jina nililoitwa na marehemu mume wangu tu," anasema, "na alikwenda nalo." Ana miaka tisini na moja na mgongo ulionyooka.

"Wewe ndiye yule mtoto?" akaniuliza.

"Ndiyo."

"Unazungumza na sakafu."

"Watu wote wanasema ninaigiza vizuri."

"Watu wote wana biskuti mdomoni. Unazungumza na sakafu, na mwisho wa sentensi unaumeza."

Nimemchukia. Ninaandika hivyo hivyo: nimemchukia yule bibi.

6 Desemba

Mvua. Walioniuliza: tisa. Mmoja wao mchungaji wetu wa kanisani.

8 Desemba

Mama ameniambia kuwa Bi Ravn alikuwa mkumbushaji katika jumba la michezo ya kuigiza la Odense, yule mtu anayekaa ndani ya kijisanduku mbele ya jukwaa na kuwanong'oneza waigizaji maneno wakisahau. Miaka thelathini na minane. Nikasema hiyo siyo kuigiza. Mama akasema, "Nenda ukamwambie hivyo mwenyewe." Sikwenda.

9 Desemba

Ukungu. Nanna, rafiki yangu wa damu, amesema kama ningekuwa rafiki wa kweli ningemwambia. Nimekula chakula cha mchana peke yangu, mkate mweusi na ini la kusaga. Kunyamaza kuna njaa yake.

10 Desemba

Nimekwenda. Nilimuuliza Bi Ravn kama ni kweli kunong'ona ni kazi. Alitazama upande mwingine wa sebule, mbali, alikokuwa Mzee Kaj anahesabu nguruwe, akasema kwa sauti ndogo kabisa, midomo haikutikisika: "Kaj."

Mzee Kaj akageuka. "Nani kaniita?"

Watu sita waliokuwa katikati hawakusikia kitu, ila mimi tu kwa sababu nilikuwa ubavuni pake. Nilicheka mpaka nikashika mbavu. Tukakaa pamoja tukatazama sehemu ya kumi, yaani yeye alitazama, mimi nilikuwa chumba cha nguo nikihesabu taulo. Niliporudi alikuwa na kasoro nne za kunisomea. Tatu ni za kweli.

11 Desemba

Mvua. Kwa Bi Ravn.

12 Desemba

Mvua. Kwa Bi Ravn. Hajaniuliza hata mara moja nani mwizi. Yeye peke yake katika Denmark nzima.

13 Desemba

Siku ya Lusia. Watoto wa shule yetu waliingia makao ya wazee na mishumaa na kanzu nyeupe, na mimi nikiwa nyuma ya mstari kwa sababu nafasi za mbele hushindaniwa. Bi Ravn alikohoa wimbo mzima. Alipomaliza kukohoa alisema wasichana wa mbele wanaimbia nywele zao.

15 Desemba

Upepo mkali, bandarini kamba zimelia kutwa. Mama amerudi kazini na uso wa habari mbaya. Moyo wa Bi Ravn umechoka, na maji yamejaa mapafuni. Daktari amesema ni suala la siku, labda wiki. Nikauliza, "Mpaka tarehe ishirini na nne?" Mama akasema, "Vigga, sijui." Mama huwa anajua.

Baba alikuwa anakata mkate. Aliacha kukata.

17 Desemba

Leo Bi Ravn ameniuliza.

Alikuwa kitandani na mrija wa hewa puani, mdogo ndani ya mashuka. Nilikaa. Akasema, "Nataka kujua mwisho."

Nilidhani yeye hatauliza kamwe. Nikamwambia nimetia saini, na kwamba Asger ana nafasi yangu ya Januari mkononi.

"Najua. Umesema mara saba. Sasa sikiliza kwanza kwa nini, halafu ukatae vizuri. Unajua kijisanduku changu kilikuwa kinatazama wapi?"

"Jukwaani."

"Jukwaani. Miaka thelathini na minane nimewapa watazamaji mgongo. Nimewasikia wakicheka, nimewasikia wakipenga makamasi. Sijawaona hata siku moja. Macho yangu yalikuwa kwenye karatasi, maana ukiyainua tu, hapo ndipo mtu anasahau. Mtu anasema neno zito pale juu, nyuma yangu watu mia nne wanashusha pumzi pamoja, na mimi natazama viatu vya mwigizaji."

Akapumzika kidogo. Kuzungumza kunamchosha.

"Tarehe ishirini na nne sebule nzima itakuwa mbele ya ile runinga. Nataka nigeuze kiti niwatazame wao. Lakini lazima nijue neno linakuja lini. Nisipojua nitageuka nitazame kama wengine, nami nina hamu kama wengine, mimi si jiwe. Nikichelewa kidogo tu, zile nyuso zimeshapita."

"Kwa hiyo unataka nikwambie mwizi."

"Nataka mwizi, na maneno yenyewe, na mahali unapovuta pumzi kabla ya kuyasema."

Nikamwambia siwezi. Akaitikia kwa kichwa. "Umekataa kwa sauti ya kawaida," akasema. "Hukuzungumza na sakafu." Nilitembea mpaka nyumbani mvua ikininyeshea, sikufungua mwavuli.

18 Desemba

Nilimpigia Asger nimuombe ruhusa. Nilimweleza yote, hata kijisanduku. Asger si mtu mbaya, alisikiliza mpaka mwisho.

"Ni jambo zuri sana, Vigga," akasema, "na jibu ni hapana. Watu mia moja na ishirini wamenyamaza mwaka mzima. Kila mmoja ana bibi yake."

"Huyu siyo bibi yangu."

"Basi ndiyo kabisa."

19 Desemba

Mvua. Sikula.

20 Desemba

Nimemwambia.

Ninaandika haraka kabla sijajitetea. Nilitoa mswada wa sehemu ya mwisho ndani ya buti la mwaka jana nilikokuwa nimeuficha, nikauweka chini ya koti, nikaenda baada ya shule. Nilifunga mlango. Bi Ravn alikuwa macho. Hakusema asante wala nini, alinyoosha tu mkono atafute miwani.

Nikamsomea sehemu nzima, sauti zote. Alinikatiza kila mstari wa pili.

"Hapo unanyamaza kiasi gani?"

"Kidogo."

"Kidogo siyo kipimo. Hesabu."

Nikafumba macho nikakumbuka studio, baridi ya mnara wa mbao, yule mama aliyeigiza bibi yangu na keki yake ya plastiki mkononi. "Nne," nikasema. "Navuta pumzi, halafu nne, halafu nasema, 'Ni wewe, Bibi.'"

Basi, sasa limeandikwa. Bibi ndiye aliyeuficha ulimi wa kengele, ndani ya pipa la unga, kwa sababu kelele zile zilikuwa zinamziba Babu masikio na Babu hakubali kustaafu. Babu amekuwa akivuta kamba kila siku Desemba nzima, kengele bubu, na kwa uziwi wake hakujua kwamba hailii. Tilde ndiye anayepaswa kumwambia.

"Yule wa keki!" Bi Ravn akasema. Akacheka mpaka mrija ukamtoka puani, nikaogopa nimemuua. "Na mimi nimeweka nguruwe wawili kwa fundi saa!"

"Wahamishe basi."

"Mkumbushaji hachezi kwa anachokijua," akasema kwa ukali. "Wataliwa na Kaj na iwe halali yake. Rudia tena kuanzia mlangoni."

Tulirudia mara tatu. Mara ya tatu alikuwa anahesabu na kidole juu ya shuka.

21 Desemba

Homa imempanda Bi Ravn na anaropoka. Mzee Kaj, mwenye huruma za ghafla, amejitolea kukaa naye alasiri nzima akimshika mkono. Mimi nilikuwa sebuleni nakunja mioyo ya karatasi ya kupamba mti wa Krismasi. Akisema neno moja tu, kesho Faaborg nzima inajua, keshokutwa nchi.

Saa kumi na moja mlango ukafunguka. Mzee Kaj alitoka kwa kasi ambayo sijawahi kumwona nayo.

"Fundi saa!" akatangaza. "Ameropoka mwenyewe usingizini! Fundi saa, mara mbili!" Akakokota nguruwe wake wote kwenye jina la fundi saa, na nusu ya sebule ikamfuata.

Niliingia chumbani. Bi Ravn alikuwa amefumba macho, anapumua kwa taabu. Kisha jicho moja likafunguka.

"Ameondoka?" akanong'ona.

Na mimi nilisema siku ile kwamba hiyo siyo kuigiza.

22 Desemba

Nimeshindwa kubeba. Nilimwambia Mama tukiwa tunakanda unga wa biskuti. Nilitegemea atanigombeza kwa sababu jina lake nalo liko kwenye karatasi. Alifuta mikono akakaa.

"Kuna mtu amejua kwamba umesema?"

"Hakuna. Bi Ravn hatasema hata ukimchoma."

"Basi unaweza kunyamaza, na wewe ni hodari wa hilo. Au unaweza kumwambia Asger." Aliniachia hapo hapo. Ningependa wakati mwingine watu wazima watoe amri.

23 Desemba

Theluji nyepesi iliyochanganyika na mvua. Nimempigia Asger.

"Nilimwambia," nikasema. "Baada ya wewe kukataa."

Alinyamaza, nikahesabu zaidi ya nne. "Imetoka nje?"

"Hapana."

"Kwa hiyo nisingejua kamwe."

"Ndiyo."

"Mbona unaniambia, Vigga?"

"Kwa sababu ulinichagua kwa ajili ya kunyamaza, na mimi sikunyamaza."

Akashusha pumzi ndefu. Akasema hana hasira. Akasema kama angekuwa mimi hajui angefanyaje. Kisha akasema ule mfululizo wa Januari atampa mtoto mwingine, kwa sababu alinipa ahadi na mimi nikampa ahadi, na kuna watu juu yake ambao na yeye amewapa. "Sikufungii mlango. Lakini safari hii, hapana."

Nikasema sawa. Sauti yangu ilitoka vizuri, sikuimeza. Nilipokata simu nililia kama mtoto mdogo juu ya kitanda cha Magnus, kwa sababu kilikuwa karibu, na Magnus akaniletea karatasi za choo na hakunitania hata kidogo. Niliitaka ile kazi. Sijui kama nimewahi kutaka kitu namna ile.

24 Desemba

Mama alikuwa zamu, kwa hiyo bata wetu wa Krismasi alisubiri jikoni na sisi sote tukaenda makao ya wazee. Sehemu ya mwisho, kwa kuwa ni mkesha, ilionyeshwa mapema, saa kumi alasiri. Sebule ilijaa: wazee, watoto wao, wajukuu, wauguzi, watu wamesimama mpaka ukutani. Harufu ya mvinyo wa moto na machungwa. Mzee Kaj alikuwa amevaa tai.

Wakamleta Bi Ravn kwenye kiti cha magurudumu, nywele zimechanwa, mtungi wa hewa umefungwa nyuma. Daktari alikuwa amekataa. Sijui Bi Ravn alimwambia nini mpaka akakubali.

"Nigeuzeni," akasema.

"Bodil, runinga iko huku!" Mzee Kaj akamwita.

"Bi Ravn," akajibu. "Na ninajua iliko."

Wakamgeuza, mgongo kwenye runinga, uso kwa watu. Mimi nilikuwa nimeshaanza kujongea kuelekea chumba cha nguo, kama siku zote. Mkono wake ukanidaka kwenye sweta. Bado una nguvu.

"Unakwenda wapi? Leta stuli."

Nikaleta. Nikakaa ubavuni pake, mgongo wangu kwenye uso wangu mwenyewe. Nyuma yangu muziki ukaanza, nikasikia sauti yangu ya mwezi Machi ikipanda ngazi za mnara. Mbele yangu watu kama sitini walikuwa wanatazama juu ya kichwa changu, na hakuna aliyetuona. Sikuwahi kuona watu wametulia hivyo. Mwalimu Lone alikuwepo na mama yake, mdomo wazi. Mama mmoja ambaye tangu kiangazi hakumbuki jina lake alikuwa ameshika mkono wa muuguzi na kuukanda. Magnus alikuwa anang'ata kamba ya kofia yake.

Bi Ravn aliinua kidevu. Macho yake yalikwenda mstari kwa mstari, pole pole, kama mtu aliyeletewa sahani kubwa na hataki kuimaliza.

Kisha akaninong'oneza, "Sasa unavuta pumzi."

Nikaisikia nyuma yangu, pumzi yangu. Kidole chake kikagonga goti langu. Moja. Mbili. Tatu. Nne.

"Ni wewe, Bibi."

Watu wote wakashusha pumzi pamoja. Mzee Kaj akashika kichwa. Magnus alitukana, akaziba mdomo. Mtu akasema, "Hapana, siyo yeye, jamani," na mwingine akaanza kulia pale pale bila kuficha. Bi Ravn alikuwa anatikisika nikadhani ni kikohozi. Alikuwa anacheka, na machozi yanamtiririka mpaka kwenye mrija.

"Waone," akasema. "Waone walivyo."

Sauti yangu ikaendelea nyuma, yale maneno marefu ya Tilde kwa Babu, ya kumwambia kwamba kengele haikulia. Bi Ravn akainua kidole.

"Yule aliyesimama mlangoni ni nani?"

Alikuwa Baba, na kofia mkononi, bado na suruali ya kazi kwa sababu bomba la mtu lilipasuka asubuhi. Midomo yake ilikuwa inatembea. Nilidhani anaongea na mtu, lakini hakukuwa na mtu. Kisha nikasikia na nikaona kwa pamoja: kila neno nililolisema nyuma yangu, alikuwa analisema naye, bila sauti, nusu ya pumzi kabla yangu. Yote. Hata pale niliposita. Majira yote ya baridi alinipeleka Kopenhagen ndani ya gari lake la mabomba, mimi nikijisomea kwa sauti kiti cha nyuma na yeye kimya kwenye usukani, na mimi nilidhani anasikiliza redio. Mwizi alimjua tangu Februari. Desemba nzima mji ulimbana, na hakuwaambia kitu.

"Baba yangu," nikasema.

"Anayajua maneno yako kuliko wewe," akasema Bi Ravn. "Mtazame."

Wanasema mwisho nililia vizuri sana kwenye runinga, na masikio yangu hayakuonekana. Mimi sikuona. Nilikuwa namtazama Baba.